Muulize Sista: "Mtoto Wangu Wanamuita Mtoto wa Juala"

Mwezi huu barua zimekuja nyingi, na nyingi ni za presha na sukari kama kawaida, hizo zitangoja, kwa sababu kuna moja ilitoka Manyatta hapa Kisumu nikaisoma jioni nikaisoma tena asubuhi kabla ya chai. Halafu wiki hiyo hiyo kijana wa Nakuru akaniuliza mambo ya muvi, nikaona hawa wawili wanaongea kitu kimoja na hawajuani. Ya tatu ni fupi, ya Busia. Nimeziweka pamoja, wa presha mnisamehe.

SWALI: Habari Sista. Mimi ni mama wa watoto wawili, nauza omena na nyanya hapa Manyatta. Kijana wangu wa pili ako na miaka mitatu na nusu. Akiwa mdogo alikuwa mnono mpaka watu wananiuliza nampa nini, halafu akifika miezi saba ikaanza, nimonia, tukitoka wodi wiki tatu tunarudi, maskio yanatoa usaha, majipu, nimonia tena. Amelazwa mara sita. Kila tukifika wanampima ukimwi, na mimi, na baba yake, mara nne sasa na yote ni negativu, lakini mama mkwe alishaamua, anasema hiyo ni ayaki, yaani ukimwi, imejificha na kama si ayaki basi ni chira, laana ya kuvunja mwiko, kuna kitu nilikosea kwa dala, yaani bomani. Mwaka jana tukapata daktari wa watoto akachukua damu ikapelekwa Nairobi, ikarudi wakasema mwili wake hautengenezi antibodi na atakuwa anawekewa drip kila wiki nne maisha yake yote. Nikauliza kama ni ukimwi akasema hapana, nikatulia kidogo. Sasa mtoto wa shemeji akaleta muvi kwa simu, ya kijana mzungu anaishi ndani ya kitu kama puto ya plastiki, imetafsiriwa na dijei, watu wakacheka mpaka machozi, na kutoka siku hiyo ploti nzima wanamuita mtoto wa juala, yaani wa mfuko wa plastiki. Mama mkwe naye amegeuza, sasa anataka nimfungie ndani asiguswe na mtu, na nasari asiende, na nilikuwa nishalipa. Sista kwani ataishi kwa plastiki? Na kuna kaka yangu mkubwa sikumjua, wanasema alikufa mdogo na mapafu, hiyo inaingiana? Usiandike jina langu.

JIBU: Dada, plastiki hapana. Nimeanza na hiyo ndio usome zingine ukiwa umekaa. Na pesa ya nasari usiende kuidai.

Watu husema "kinga imeshuka" kama ni maji ya tangi, lakini kinga si kitu kimoja, ndani kuna wafanyakazi wa aina nyingi na kila mmoja na kazi yake. Mtoto wako amekosa antibodi. Ukitaka kuielewa antibodi fikiria ile chaki watu wa chanjo ya polio huandika kwa mlango, kwamba wakipita wengine wanajua nyumba hii ni ipi. Antibodi inampiga mdudu alama, halafu zile seli za kula wadudu zikipita zinaona alama zinamla. Bila alama zinapita tu, na mdudu anakaa kwa mapafu, kwa maskio, kwa ngozi, anazaana bila wasiwasi. Lakini kuna seli zingine zinaitwa seli T, hizo ndizo hupigana na virusi vingi na TB na kuvu, na hizo mtoto wako anazo. Yule wa muvi hana hizo na hana antibodi pia. Ni magonjwa mawili tofauti kabisa, ni vile tu yote yanaitwa upungufu wa kinga.

Na ule unono wa miezi ya kwanza ulikuwa ni wewe. Mtoto huzaliwa na antibodi za mama, zinapita kwa kondo miezi ya mwisho ya mimba, zinamshikilia kama nusu mwaka halafu zinaisha. Za kwako zilipoisha na yeye hana zake, nimonia ikapata mlango. Sasa mvulana, ameanza kuugua miezi saba, na mjomba wa upande wa mama alikufa mdogo na mapafu, hiyo inafanana sana na ugonjwa wa Bruton, yaani Ogden Bruton, daktari wa jeshi la Marekani ambaye mwaka 1952 aliandika habari za mvulana wa miaka 8 aliyekuwa haachi kuugua, akampima damu akakuta ile protini ya antibodi haipo, akaanza kumdunga iliyotolewa kwa damu ya watu wengine na kijana akapata nafuu. Drip ya mtoto wako ni mjukuu wa hiyo sindano. Jina kamili wacha daktari wako aliandike, mimi ni sista mstaafu, yaani muuguzi, lakini siku ya kliniki mwambie habari ya kaka yako hata kama hajauliza.

Hiyo drip inatengenezwa kwa plasma ya maelfu ya watu waliotoa damu, yaani kwa kichupa kimoja mtoto wako ameazimwa chaki ya watu ambao hatawahi kuwaona. Shida ya kuazima ni kwamba inaisha, karibu kila wiki tatu inabaki nusu, kwa hivyo tarehe ya drip si ya kusukuma mpaka baada ya harusi ama mpaka soko irudi vizuri. Ni ghali, sitakudanganya, na kuna miezi inakosekana. Ikikosekana usikae nyumbani kimya, rudi kwa daktari huyo huyo umuulize kama atampa antibiotiki ya kumkinga wakati mnangoja.

Sasa ukimwi. Lugha yetu yenyewe imetufunga hapa, ukimwi ni upungufu wa kinga mwilini, basi ukisema mtoto ana upungufu wa kinga mwilini umeshasema ukimwi hata kama hukutaka. Tofauti ni kwamba ukimwi unaletwa na kirusi kinachotoka kwa mtu mwingine, na huu wa mtoto wako alizaliwa nao, hauambukizi, hata wakinywa na kikombe kimoja. (Na hata ingekuwa ni kirusi, kikombe hakina shida, miaka yote hii na bado naandika hili.) Kitu kimoja cha kumnyamazisha mama mkwe: kile kipimo cha kudonoa kidole huangalia antibodi, na mtoto asiyetengeneza antibodi hicho kinaweza kumdanganya, kwa hivyo uliza kama aliwahi kupimwa ile ya PCR, inayotafuta kirusi chenyewe. Ikiwa PCR yake ni negativu na nyinyi wawili ni negativu, hakuna mahali imejificha.

Nitakuambia kitu sijawahi kuandika kwa ukurasa huu. Mwaka 1991 nilikuwa zamu ya usiku kwa wodi ya watoto, hospitali siitaji. Akaja mama na mvulana wa miezi minne, mara ya tatu kulazwa, mdomo wote mweupe na kuhara hakukatiki. Akaniambia Sista huyu ni kama wa kwanza, wa kwanza pia alianza na mdomo. Unajua miaka hiyo, sisi tulikuwa tumeshaandika kwa faili kabla hajamaliza kuongea. Kipimo kikarudi negativu, tukasema mama anaficha kitu, alete baba. Akaleta baba. Baba negativu. Tukasema labda ni mapema, watapimwa tena. Yule mtoto alikufa akiwa na miezi mitano, na hemogramu yake, ile hesabu ya seli za damu, ilikuwa kwa faili muda wote, na ule mstari wa limfosaiti, kundi ambalo seli T zimo, ulikuwa karibu hauna kitu, na hakuna mtu aliuangalia kwa sababu sote tulikuwa tunajua tayari. Huyo nadhani ndiye alikuwa wa ule ugonjwa wa muvi. Mama alitupa jibu kwa mdomo wake, kwamba wa kwanza alikuwa hivi hivi, na mimi nilikuwa na kalamu mkononi.

Kwa hivyo wewe ukiambiwa unaficha kitu, jua watu wenye yunifomu wamewahi kusema hivyo na walikosea.

Nasari aende. Atapata kamasi kama wengine, na drip iko kazini. Mwalimu umwambie mambo mawili tu, akipata joto akupigie simu siku hiyo hiyo, na surua ama tetekuwanga ikiingia darasani akupigie pia. Joto likipanda ni hospitali, si kemisti, na si kesho. Maji ya kunywa chemsha hata ya mfereji, kuna mdudu wa tumbo anaitwa giadia huwasumbua sana watoto wasio na antibodi. Neti si lazima nikuambie, unaishi Kisumu.

Kubwa ni matone ya polio. Ile ya mdomoni ina kirusi kilicho hai, kimedhoofishwa tu, na kwa mtoto wa kawaida ni sawa kabisa, lakini asiye na antibodi anaweza kukaa nacho tumboni miezi mingi na kikabadilika kikamdhuru. Kwa hivyo omba daktari akuandikie barua, uiweke ndani ya kile kitabu cha mama na mtoto, na watu wa nyumba kwa nyumba wakija na kisanduku chao cha barafu waonyeshe, wasifikirie wewe ni wale wa kukataa chanjo wakakuletea chifu. Muulize daktari pia kuhusu yule mtoto wako mkubwa, kwa nyumba kama yako hushauriwa watoto wengine wapewe ya sindano. Zile zingine za sindano usijiamulie, uliza moja moja.

Chira sasa. Mimi nimeolewa Seme, kwa Wajaluo, siwezi kuja hapa kucheka mambo ya dala. Lakini hii njia yake inajulikana, jeni yenyewe ilipatikana mwaka 1993 na inakaa kwa kromosomu X. Mwanamke ana X mbili, moja ikiwa na kasoro nyingine inamshikilia, haugui. Mvulana ana moja tu na ameipata kwa mama. Mama anayeibeba, kila mvulana anayezaa ni kurusha shilingi, na kila msichana ni shilingi hiyo hiyo ila yeye atabeba tu bila kuugua. Ndio maana ilimchukua kaka yako ikakuruka wewe ikamshika mtoto. Lakini dada, hii aya usimsomee mama mkwe peke yake, atasikia "imetoka kwa mama" na atasimama hapo hapo. Mbebe siku ya drip. Aketi masaa manne kwa kile kiti aone mtoto anaingia amelegea na anatoka akiulizia chapati, akina dana, yaani nyanya, wengi nimewaona wakibadilika kwa hicho kiti kuliko kwa maneno ya daktari.

Na huyo kijana wa shemeji mpe gazeti asome hii inayofuata.

SWALI: Sista habari ya kazi. Niko na duka ndogo Kaptembwa, Nakuru, naweka watu muvi kwa fleshi. Kuna hizi za watu wa puto, moja ni komedi ya 2001, ingine ni ya msichana anapenda jirani kwa dirisha, na kuna mzee mmoja anasisitiza kuna ya zamani ya John Travolta. Wateja wanabishana kama ilitokea ukweli ama ni kutunga, na mimi ndio huulizwa. Na kama ni ukweli mbona siku hizi hatuskii tena za watu wa puto, ama walipona?

JIBU: Kijana wangu, hiyo biashara ya fleshi sijaisoma, nimefunga macho. Mzee wako yuko sawa. Ya Travolta ni ya mwaka 1976, ilitengenezewa televisheni, ya komedi ni 2001, na ya msichana ni 2017, mwaka ule ule Kenya ilipiga marufuku juala, sijui kama kuna mtu mwingine aliona hiyo.

Ukweli ni huu. Kulikuwa na mvulana Texas, Marekani, anaitwa David Vetter, alizaliwa Houston tarehe 21 Septemba 1971 na ule ugonjwa wa kukosa seli T na antibodi nilioutaja kwa barua ya Manyatta. Wazazi wake walikuwa wamepoteza mvulana mbele yake, alikufa akiwa na miezi saba, na madaktari wakawaambia mwingine akija mvulana ni nusu kwa nusu. Kwa hivyo David alipotoka tu tumboni, sekunde chache, akawekwa ndani ya chemba ya plastiki isiyo na mdudu hata mmoja. Mpango ulikuwa akae humo kidogo tu mpaka wapate uboho wa mifupa wa kumpandikiza kutoka kwa dada yake, lakini dada hakulingana naye. Sasa unaona shida, ameshaingia na hakuna mlango wa kutokea. Akakaa miaka 12. Hata maji ya kubatizwa yalitakaswa kwanza. Nepi, chakula, vitabu, kila kitu kinapitishwa kwa gesi ya kuua wadudu halafu kinapigwa hewa siku kadhaa ndio kiingie, na anayetaka kumshika anaingiza mikono kwa glovu nyeusi zilizofungwa kwa ukuta wa plastiki. Na zile pampu za hewa zilikuwa na kelele mchana na usiku, kitu ambacho kwa muvi husikii, kwa muvi puto ni kimya.

Mwaka 1977 NASA, shirika la anga la Marekani, wakamtengenezea suti kama ya mtu wa mwezini, na ndio mara ya kwanza mama yake alimbeba mikononi, na hapo kitambaa kikiwa katikati yao. Aliivaa mara saba tu halafu ikawa ndogo. Oktoba 1983 wakajaribu uboho wa dada yake huyo huyo, sasa kukiwa na njia mpya ya kuusafisha kama haulingani, lakini ndani kulikuwa na kirusi kinaitwa Epstein-Barr ambacho vipimo vya wakati huo havikukiona. Dada alikuwa nacho bila kujua, kama wengi wetu. Kwa David kikaleta saratani ya limfu. Akatolewa kwa plastiki tarehe 7 Februari 1984 ili madaktari waweze kumtibu, mama yake akamgusa ngozi kwa ngozi kwa mara ya kwanza, na tarehe 22 mwezi huo akafariki.

Hicho kirusi hata huku kwetu tunakijua kwa njia nyingine. Wale watoto wa kando ya ziwa wanaovimba taya, ile saratani ya Burkitt, ni hicho hicho kikisaidiana na malaria. Miaka yote nikiwa wodini sikuwahi kufikiria mtoto wa Houston na mtoto wa Mbita wangekutana kwa kitu kimoja.

Sasa hizo muvi. Ya Travolta mwisho kijana anatoka nje anapanda farasi na msichana wake wanaenda, na David alikuwa hai bado na miaka mitano, fikiria watu wa wodi ile wakiitazama. Ya 2001 ni ya kuchekesha, jamaa anatembea na puto lake barabarani kwenda kuzuia harusi, na shirika la wagonjwa wa kinga huko Marekani liliwaambia watu wasiende kuitazama. Mimi kucheka si tatizo langu, wagonjwa pia hucheka. Tatizo langu ni mahali ya 2001 na ya 2017 zinaishia, na kama hujaitazama hiyo ya msichana ruka sentensi hii, zote mbili mwisho inatoka kwamba mtoto hana ugonjwa, mama ndiye alikuwa anamfungia bure. Yaani stori mbili, watu tofauti, miaka 16 katikati, na zote zikitafuta mwenye makosa zinamkuta mama. Mimi nimekaa wodi miaka 31, na mama aliyetengeneza ugonjwa wa kinga sijakutana naye. Niliokutana nao ni wale waliosema mapema tukawaambia wanaficha. Rudi usome barua ya Manyatta uone kama kuna uongo hapo.

Umeuliza kama walipona. Wengi ndio, na si kwa plastiki. Upandikizaji wa uboho kwa huu ugonjwa ulifaulu mara ya kwanza mwaka 1968 huko Minnesota, kabla hata David hajazaliwa, ila wakati huo ulihitaji ndugu anayelingana kabisa. Siku hizi unaweza kufanyika hata asipolingana vizuri, na mtoto akipata kabla ya kufika miezi mitatu na nusu, na hajaanza kuugua, zaidi ya 90 kwa 100 wanaishi. Shida ni kujua mapema. Jimbo la Wisconsin lilianza mwaka 2008 kupima kila mtoto anayezaliwa, tone la damu ya kisigino kwa karatasi, na kufika mwisho wa 2018 majimbo yote ya Marekani yalikuwa yanapima. Kisha kuna kurekebisha jeni yenyewe, wanatoa seli za mtoto wanazitia jeni nzima wanamrudishia, huko Paris watoto walipata kinga hivyo, ingawa baadhi yao baadaye wakapata saratani ya damu, wakasimama wakabadilisha njia. Kwa hivyo puto limebaki kwa muvi. Hospitali ni chumba chenye hewa ya kuchujwa, wiki kadhaa ama miezi, halafu nyumbani.

Hapa kwetu hiyo karatasi ya kisigino bado hakuna kwa huu ugonjwa, na uboho wengi huambiwa India. Lakini hemogramu iko Nakuru, iko Kisumu, iko mpaka kwa baadhi ya vituo vya kata, na mtoto mchanga ambaye limfosaiti zake ziko chini sana kila ukipima ni wa kutumwa mbele haraka. Hiyo wateja wako hawatauliza ila nimeiweka.

SWALI: Sista, nilijifungulia nyumbani kwa mama Busia, mtoto ana wiki tatu hajapata chanjo hata moja. Dada yangu amesoma kwa simu kwamba BCG inaweza kuua mtoto asiye na kinga. Sasa naogopa. Nitajuaje kama wangu ana kinga? Nisimpeleke?

JIBU: Mpeleke.

Alichosoma dada yako ni kweli lakini amekisoma nusu. BCG, chanjo ya TB, ni mdudu hai aliyedhoofishwa, na mtoto aliyezaliwa bila seli T kabisa, kama David, inaweza kumsambaa mwilini. Watoto hao ni wachache sana, Marekani walipopima karibu watoto milioni 3 walipata mmoja kwa kila 58,000. TB nayo iko Busia, iko kwa matatu, iko kwa kikohozi cha jirani, na hiyo BCG ndiyo humkinga mtoto mdogo na TB ya ubongo. Ukiweka hizo mbili kwa mizani mimi sioni mabishano.

Kuna swali moja tu la kujiuliza kabla, na hilo simu haiwezi kukujibia, muulize mama yako na mama mkwe. Je, kuna mtoto aliyetangulia, wako ama wa dada zako ama kaka zako wa tumbo moja, aliyekufa kabla ya mwaka mmoja na nimonia za kurudi rudi, kuhara kusikoisha, mdomo mweupe usiosikia dawa, kukonda? Kama yuko, mwambie sista wa kliniki KABLA hajashika sindano, na umwambie kwa sauti, usingoje aulize, ampime damu kwanza na daktari amuone. Na akikuambia hiyo ni kawaida, keti hapo hapo uombe kuona klinikal ofisa. Kama hayuko, achanjwe.

Halafu usifunge safari leo bila kuuliza. Chupa moja ya BCG ni ya watoto 20, ikifunguliwa inatupwa baada ya masaa sita, kwa hivyo vituo vingi vina siku yao moja ya wiki wanangoja watoto wajae. Mtume boda wa hapo karibu aulize siku ni gani, beba kitabu, na mkono watakaochanja ni wa kushoto, mvalishe kitu kinachopanda juu kwa urahisi.